Ronald Ngala na Neno Majimbo

Ronald Ngala aghalabu hukumbukwa kwa mambo mawili: barabara ya jijini Nairobi iliyopewa jina lake, na chama cha KADU, alichokiongoza tangu 1960 kisha akakivunja mwenyewe Novemba 1964. Kwa tendo hilo la pili, wapo wanaomwona kama nahodha aliyelitoboa jahazi lake. Hukumu hiyo ina mashiko, ila imepitishwa pasipo kumsikiliza shahidi ambaye wasomi wa Kiswahili wangestahili kumleta barazani.

Shahidi mwenyewe ni kitabu. Mnamo 1949, miaka minane kabla ya kuingia katika Baraza la Kutunga Sheria, mwalimu Ngala alichapisha kwa Kiswahili Nchi na Desturi za Wagiriama. Anwani hiyo yatosha kumfikirisha msomaji: nchi imetangulia, desturi zikafuata. Mkutano wa katiba ulipofanyika London mwaka 1962, chama chake kilidai majimbo, na mojawapo ya hoja zake kuu ilikuwa mamlaka ya wenyeji juu ya ardhi yao. Je, ni sadfa tu?

Kadhalika, dai la kwamba majimbo yalikuwa jina jingine la kujitenga halimfai Ngala hata kidogo. Wakati huo, ukanda wa Mwambao ulikuwa bado ukihesabiwa kuwa milki ya Sultani wa Unguja, na walikuwapo waliotaka ujitenge na Kenya. Ngala aliwapinga. Alichotaka ni Pwani yenye sauti yake ndani ya Kenya moja.

Watetezi wake hukwama penginepo. Ni kweli kwamba mwaka 1964 wabunge wa KADU walikuwa wakihamia KANU, na huenda hakubakiwa na chama cha kuvunja. Lakini baadaye alikubali uwaziri katika serikali ya chama kilichoyafuta majimbo, akawamo hadi alipofariki Desemba 1972 kufuatia ajali ya barabarani, ilhali maelfu ya Wapwani waliendelea kuitwa maskwota katika ardhi ya mababu zao. Hilo halifichiki.

Neno lenyewe liliteseka zaidi yake. Mwaka 1991 wanasiasa wa KANU, warithi wa waliolizika, walilifufua katika mikutano ya Bonde la Ufa, na mapigano ya kikabila yakafuata. Tangu hapo majimbo yakawa tusi. Katiba ya 2010 iliporejesha sehemu ya mamlaka mashinani, ilikuja na kaunti 47 na neno ugatuzi, ambalo halikuwa na damu wala makaburi.

Mwanafunzi wa isimujamii anayehangaika kutafuta mada ya tasnifu angeweza kuanzia hapo: nini kilichoondoka pamoja na neno lile, na je, ardhi iliyotangulia katika anwani ya 1949 imo ndani ya ugatuzi, au ingali inagawiwa kutoka Nairobi?