PAKITI YA MCHUZI NA SAA ZETU



Katika mkutano uliopita mzee mmoja, ambaye namheshimu kama baba yangu, alisimama akasema ya kwamba wanawake wa siku hizi wamekuwa wavivu. Alisema, "Zamani mama alipika. Leo mama anapasua pakiti." Watu wakacheka, na wanaume wengine wakapiga makofi. Mimi sikujibu siku ile, kwa sababu saa zilikuwa zimekwenda na matatu za kurudi nyumbani zilikuwa zinapungua. Lakini neno hilo nililala nalo. Leo namwomba mhariri nafasi nimjibu mzee wetu kwa heshima.

Kwanza nakubali kosa, kama ni kosa. Ni kweli napasua pakiti. Mchuzi wangu naukoleza kwa Royco Mchuzi Mix, na siku nyingine watoto wanakula tambi za Indomie. Sasa nataka mzee wetu ahesabu pamoja nami.

Nakaa Free Area, chumba kimoja katika ploti ya vyumba kumi. Natoka mlangoni saa kumi na moja na nusu alfajiri. Kazi yangu ni kupakia bidhaa katika maboksi, nikisimama. Nikirudi mapema ni saa moja usiku. Kukiwa na kazi ya ziada ni saa mbili na nusu. Watoto wanangoja. Sufuria ya githeri ya mahindi makavu na maharagwe inataka saa tatu juu ya jiko. Nikiitelekeza saa moja, tutakula saa nne, na watoto watakuwa wamelala na njaa. Tena saa tatu za moto si bure. Makaa tunanunua kwa mkebe, na mkebe haungoji mwisho wa mwezi. Tambi za pakiti zinaiva kwa dakika chache. Je, mzee wangu, hapo mvivu ni nani? Mama, au saa ya kiwanda?

Wengi wanadhani mambo haya ya chakula cha pakiti yameanza kwetu juzi. Sivyo. Wafanya kazi wa nchi nyingine waliyaona kabla yetu, na inafaa tujue yalivyowapata.

Huko Marekani, mwaka 1937, kampuni ya Kraft ilitoa boksi lenye makaroni na unga wa jibini. Nchi ilikuwa bado katika shida kubwa ya uchumi na watu wengi hawakuwa na kazi. Boksi liliuzwa kwa senti 19, nalo lilitangazwa ya kwamba linalisha watu wanne. Vita kuu ya pili ilipokuja, nyama ikagawiwa kwa kadi, na akina mama wakaingia viwandani kushika kazi za wanaume waliokwenda vitani. Boksi likaenea zaidi. Halikuenea kwa sababu ya utamu wake. Lilienea kwa sababu mama alitoka kiwandani amechoka na nyama haikuwapo.

Mambo yakarudia tena. Mwaka 1971 kampuni ya General Mills, ambayo asili yake ni wasagaji wa ngano, ilitoa boksi jina lake Hamburger Helper. Ndani mlikuwa na tambi kavu na unga wa viungo. Mama aliongeza ratili moja ya nyama ya kusaga, akapika katika sufuria moja, na watu watano wakala. Angalieni hesabu hiyo: ratili moja, watu watano. Bei ya nyama ilikuwa inapanda, na kampuni iliona ya kuwa kipande kidogo cha nyama kinaweza kuvutwa mpaka kitoshe. Mwaka 1973 bei ilipanda zaidi, hata mwezi wa Aprili akina mama wa nchi ile wakagoma kununua nyama juma zima. Basi ndugu, boksi lile ni historia ya mshahara ulioshindwa na bei ya nyama. Ni historia ya wafanya kazi, ijapokuwa picha iliyo juu yake ni ya sahani tamu.

Turudi kwetu. Hapa Nakuru chakula cha kipimo si kigeni. Wazee wanakumbuka posho. Katika mashamba ya walowezi, Njoro, Solai, Subukia na Molo, kibarua alipewa unga wa mahindi, kwa kawaida ratili 2 kwa siku, na unga ule ulihesabiwa kama sehemu ya malipo yake. Ndiyo sababu hata leo kinu cha kusagia mahindi tunakiita posho mill. Mwaka 1908 Lord Delamere, mlowezi mkubwa wa Njoro, alianzisha kampuni ya Unga Limited ya kusaga nafaka. Tangu hapo, kidogo kidogo, unga ulitoka katika debe na gunia ukaingia katika pakiti ya kilo 2 ambayo kila mmoja wetu anaijua kuliko anavyojua kitambulisho chake.

Tena sisi tunajua jinsi pakiti ile inavyoweza kutikisa nchi. Julai 2022, uchaguzi ulipokuwa karibu, serikali iliteremsha bei ya pakiti ya kilo 2 kutoka Sh. 205 hadi Sh. 100. Punguzo hilo halikudumu. Mfanya kazi aliyeshangilia Julai alirudi dukani baadaye akakuta mambo ni yale yale.

Sisemi ya kwamba pakiti ni adui. Mtu wa haki husema mazuri pia. Tangu mwaka 2012 sheria ya nchi inataka unga wa mahindi na wa ngano wa pakiti utiwe vitamini na madini ya chuma. Hilo ni jema kwa mtoto asiyeona nyama wala mayai mara kwa mara. Lakini tusome pia nyuma ya pakiti za viungo: chumvi ipo, wanga upo, na nyanya au nyama ni chache au hakuna kabisa. Shirika la Afya Ulimwenguni linashauri mtu mzima asipite gramu 5 za chumvi kwa siku. Anayetia viungo vya pakiti, kisha akaongeza chumvi kijiko kizima kama alivyozoea, anajitafutia maradhi ya shinikizo la damu.

Liko jambo jingine ambalo linaniuma. Katika ploti yetu wamo Wakikuyu, Wakalenjin, Wajaluo, Waluhya na Wakisii. Zamani ungepita uani jioni ungejua kila mlango kwa harufu yake. Huyu anatia maziwa katika mboga za kienyeji, yule anaponda viazi na mahindi, mwingine anachemsha samaki. Leo saa moja na nusu usiku harufu ni moja tu mlango kwa mlango. Watoto wangu wanalijua jina la pakiti, lakini hawajui mboga ambazo bibi yao alipikia. Hasara hiyo haiandikwi katika hati ya mshahara, lakini ni hasara.

Basi kiini cha maneno yangu ni hiki. Sisi tunauza saa zetu kiwandani kwa bei ndogo, halafu jioni tunakwenda dukani kununua saa zile zile, zimefungwa ndani ya pakiti. Aliye na mshahara mdogo hununua pakiti ndogo, na pakiti ndogo, ukiipima kwa gramu, mara nyingi huwa ghali kuliko kubwa. Kwa hiyo tunapunjwa mara mbili. Kumlaumu mama jikoni ni kumpiga mtu aliyeibiwa na kumwacha mwizi aende zake.

Mtaniuliza, tufanye nini? Nina maneno manne.

La kwanza ni saa. Amri ya jumla ya mishahara inataja saa 52 za kazi kwa juma la siku 6, na saa za ziada zilipwe mara moja na nusu. Penye mapatano ya chama mara nyingi saa ni chini ya hapo. Kila mmoja aandike katika daftari lake saa aliyoingia na saa aliyotoka. Niliwahi kufanya kazi mahali ambapo saa zangu za ziada zilipotea katika hesabu miezi mitatu, nami sikuwa na karatasi ya kuonyesha. Tangu siku hiyo ninaandika.

La pili ni chakula cha mchana. Kifungu cha 33 cha Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 kinasema ya kuwa pale ambapo chakula kimekubaliwa waziwazi wakati wa kufanya mkataba wa kazi, tajiri lazima amlishe mfanya kazi vizuri, kwa gharama yake tajiri. Lakini neno ni "kimekubaliwa". Lisiloandikwa halipo. Kwa hiyo kamati ya tawi ikikaa na matajiri, neno la chakula cha moto liwe mezani na liandikwe. Tena tukumbuke posho: chakula kisiwe sababu ya kukata mshahara. Baba zetu walikula unga ule ukahesabiwa kuwa malipo. Sisi tusirudi huko.

La tatu liko mikononi mwetu. Hapa Free Area wako akina mama wanaochemsha githeri na maharagwe mchana kutwa wakayauza kwa kikombe, na wako wanaouza sukuma wiki iliyokwisha katwa. Hicho nacho ni chakula cha haraka, lakini kimepikwa na jirani, na shilingi yake inabaki mtaani. Tena watu kumi wa ploti moja wakichanga, wanaweza kununua gunia la maharagwe kwa bei ya soko, na wakapokezana sufuria moja kubwa siku ya mapumziko. Moto mmoja, nyumba kumi.

La nne ni kwa ndugu zetu wanaume, na namwomba mzee wangu asinikasirikie. Mume na mke wakitoka kazini saa moja usiku, wote wawili wamechoka sawa. Anayefika kwanza na awashe jiko. Maharagwe hayaulizi aliyeyaloweka ni mwanamume au mwanamke.

Mzee wangu, nakusihi njoo kwetu jioni moja uone. Ukija siku ya kazi utakula cha pakiti, na hutakosa chai. Ukitaka githeri ya mama yako, iliyoiva pole pole, basi mkutano ujao inua mkono pamoja nami tunapodai saa zetu.

Umoja ni nguvu.

Mimi, mama mwanachama,
Free Area, Nakuru