Karafuu Zetu Katika Chungu cha Ujiji

Ndugu Wanachama,

Niliporejea kutoka Kigoma, mjumbe mmoja wa Kamati yetu alisema mbele ya watu kwamba Katibu alitumwa kutazama biashara, naye amerudi na mapishi. Watu walicheka, nami nilicheka pia. Lakini kicheko kimekwisha na jambo lenyewe limebaki. Naomba ruhusa yenu nilieleze, kwani naona latuhusu sote wenye mikarafuu, mwenye shamba kubwa na mwenye miti mitatu nyuma ya nyumba.

Ujiji si pahala pageni kwetu. Misafara ya pwani ilikuwa ikifika huko kabla ya Burton na Speke kufika mwaka 1858, na hata leo mtu wa kisiwani akipita mitaa yake husikia Kiswahili na kuona misikiti, miembe na desturi zisizomshangaza. Nilishukia kwa shangazi yangu, aliyeolewa huko miaka mingi. Asubuhi ya pili aliniwekea sinia ya vitu vyeupe, mfano wa maandazi madogo yaliyofumbwa juu, vikitoka mvuke. Nikauma kimoja, mchuzi ukanimwagikia kidevuni.

"Pole pole, mwanangu," akasema, "hiyo ni supu."

Akanieleza asili yake. Mwaka 2024, tangu tarehe 15 Mei hata 15 Agosti, uvuvi ulifungwa katika Ziwa Tanganyika ili samaki wapate kuzaana. Migebuka mibichi ikawa adimu. Yeye alikuwa na dagaa wakavu wachache aliowaweka akiba, na wajukuu wengi. Supu nyepesi haishibishi mtoto, basi akaona aifunge ndani ya unga. Ziwa lilipofunguliwa hakuyaacha mapishi yale, ila sasa hutia migebuka, na majirani humwagiza. Wajukuu wameyaita matonge ya supu, na jina ni hilo.

Hufanywa hivi. Chemsha migebuka miwili pamoja na kitunguu, nyanya, thomu, tangawizi, pilipili manga, chumvi na karafuu nne. Samaki akiiva mtoe, mchambue, miba yote uitupe. Supu ichuje, ugawe mafungu mawili. Fungu moja lirudishe motoni lipungue mpaka liwe zito. Kaanga kitunguu kwa mawese kidogo, changanya na samaki na ile supu nzito, uache ipoe kabisa mpaka ishikane. Kanda unga wa ngano kwa maji ya moto na chumvi, uufunike nusu saa, kisha usukume vidaraja vyembamba. Tia kijiko kimoja cha samaki katikati, kusanya kingo kwa mikunjo, ufumbe juu. Panga juu ya jani la mgomba ndani ya chungu cha mvuke kwa muda wa robo saa. Lile fungu la pili la supu litie ndimu, unywe nalo.

Wala shangazi hakuzusha jambo la ajabu. Wachina wa Shanghai wana chakula chao maarufu kiitwacho xiaolongbao. Huipoza supu mpaka ikagandamana, wakaifunga katika unga, na mvuke ukiyeyusha ndani, supu hurejea kuwa supu. Wao hutia nyama tusiyoila sisi, lakini akili ni ile ile.

Sasa nafika penye uchungu wangu. Nilipomwuliza shangazi kwa nini harufu ya karafuu ni hafifu, alinipa kopo lake alilonunulia dukani. Ndani mlikuwa na makonyo kuliko vichwa. Nikachukua vichwa ishirini, nikavitia katika gilasi ya maji. Sote twajua kuwa karafuu nzima huzama, au husimama wima kichwa juu, na iliyokwisha kukamuliwa mafuta hulala ubapa. Kumi na tatu zililala ubapa.

"Ndizo karafuu za Zanzibar hizo," akasema shangazi, "lazima utie nyingi."

Wallahi, neno lile lilinikata maini. Mwanamke aliyezaliwa kwetu, aliyechuma karafuu utotoni, amekwisha kuamini kuwa karafuu yetu haina nguvu.

Najua mtaniambia kuwa chungu kimoja chala karafuu nne tu, na gunia halimalizwi kwa matonge. Ni kweli, na sisemi kuwa jiko litamaliza mavuno. Lakini kumbukeni yaliyotupata. Kwa miaka mingi mnunuzi wetu mkubwa alikuwa Indonesia, kwa ajili ya sigara zao za karafuu. Walipopanda mikarafuu yao wenyewe ikawatosha, bei ilianguka katika miaka ya 1980, na wako miongoni mwetu waliokata miti wakachoma mkaa. Mwenye mnunuzi mmoja ni mtumwa wa mnunuzi huyo. Wapishi ni wengi, hawagomi, na hupika kila siku; ila mpishi akidanganywa mara moja huhama.

Basi naona mambo matatu. La kwanza latutaka sisi wenyewe. Tuanike juu ya majamvi, tusianike barabarani, na makonyo tuyatenge. Makonyo yana soko lake katika kiwanda cha mafuta pale Wawi, hapana haja ya kuyaficha ndani ya karafuu. Aliyeuza kopo lile simjui, lakini siwezi kumnyoshea kidole na hali wako kati yetu wanaochanganya.

La pili, Chama kiiombe ZSTC pakiti ndogo za karafuu safi, zilizofungwa na kutiwa jina la kisiwa, zifikishwe mpaka maduka ya Kigoma na Ujiji. Siandiki haya kumfungulia mtu mlango wa magendo. Naandika ili njia ya halali ifike mbali kama njia ya ulaghai inavyofika.

La tatu, tuzile karafuu zetu wenyewe. Nimeingia nyumba za wanachama ambamo gunia limeegemea ukuta na chungu kinapikwa kwa bizari ya pakiti kutoka ng'ambo. Chema chajiuza, lakini hakijiuzi kama mwenyewe hakijui ladha yake.

Katika mkutano wetu mkuu ujao nitaleta sinia ya matonge ya supu, yenye karafuu za shamba la Chama, na gilasi ya maji pembeni. Kila mwanachama aje na karafuu kumi za shambani kwake tuzitie humo mbele ya wote. Mjumbe aliyenicheka atahudumiwa kwanza.

Wabillahi tawfiq.

Katibu