SAA MBILI YA NANI?



Usiku katika chumba cha kulala tunapenda kusimuliana hadithi za inchi za kubuni, pahali wakati unarukaruka: mtu anaingia pangoni asubui, anatoka mangaribi na kukuta watoto wake wamekuwa wazee. Tunacheka, halafu tunalala. Mimi nasema hatuna lazima ya kubuni inchi kama ile. Tunakaa ndani yake.

Panda boti pa Kalundu, shuka Kigoma. Mkono wako unasema saa nne, ukuta wa Kigoma unasema saa tano. Ukirudi, ile iliyopotea unaiokota tena. Fungua radio: Kinshasa wanatangaza saa saba ya muchana, na hapa Uvira ni saa nane. Bujumbura, ngambo ya Rusizi, inapatana na sisi. Lakini jua ni lile lile! Linatokea Kigoma na Uvira karibu wakati mmoja. Shida ni kwamba Tanzania nzima inafuata saa ya Dar es Salaam, na Kigoma iko mbali sana na pwani. Basi kule jua linachomoza karibu na saa moja, kwetu karibu na saa kumi na mbili.

Hata watu wenye elimu walipotelewa huku. Stanley alipomkuta Livingstone pale Ujiji mwaka 1871, aliandika kwamba ilikuwa tarehe 10 Novemba. Daftari la Livingstone linasema ni Oktoba. Safari ndefu na homa zinaharibu hesabu ya siku. Halafu wote wawili wakapanda mtumbwi, wakaja kaskazini mpaka mlango wa Rusizi kutazama kama mto unaingia ziwani ao unatoka. Wakaona unaingia. Juu ya maji walipatana. Juu ya tarehe, vitabu vyao havijapatana mpaka leo.

Lakini kinachoniuma mimi siyo boti wala Stanley. Mwaka 2024 ziwa lilipopanda, maji yaliingia katika nyumba ya mama yangu mkubwa, muchuuzi wa ndagala. Akaletewa karatasi ya Kifaransa ya kumwita aandikishwe pamoja na wengine waliopoteza nyumba. Yeye hajui Kifaransa, akanipa mimi mwanafunzi nimusomee. Iliandikwa «8 h 00». Nikasema bila kufikiri: «Mama, ni saa nane.» Akafika saa nane, amevaa kitenge chake kizuri. Mlango ulikuwa umefungwa tangu saa sita. Nane ya Kifaransa ni saa mbili yetu, na mimi nilijua vizuri. Niliharakisha tu, nikifurahi kuonekana musomi. Jina lake halikuingia katika ile liste.

Kuna wenzetu wanaosema: tuache hesabu ya saa ya Kiswahili, ni ya watu wa kijiji, sisi tuhesabu kama simu inavyohesabu. Mimi nakataa. Hapa Uvira jua linafika juu ya kichwa karibu saa sita kamili; hesabu hii imelingana na mbingu yetu. Wavuvi wanaitumia, na majirani wa Burundi wanahesabu vilevile katika lugha yao. Na tukisoma habari za wale vibarua wa shamba la mizabibu, wa mwisho waliitwa saa kumi na moja. Mama wa soko anafahamu mara moja: jua linakaribia kuzama, kazi imebaki kidogo. Msomaji wa Kifaransa anakuta saa ya kumi na moja, na bila maelezo anaweza kufikiri ni mbele ya muchana. Ni nani hapo aliye nyuma?

Sisemi tutupe saa ya Kifaransa. Mtihani wa Serikali unafuata hiyo, na asiyeijua atakuta bahasha zimekwisha kufunguliwa. Nasema tujue zote mbili, na anayemwambia mwenzake saa aseme mpaka mwisho. Matangazo ya masomo yetu yaandikwe hivi: «8 h 00, ni kusema saa mbili ya asubui.» Mwenye kupatana na mtu wa Kigoma aseme: saa ya Uvira ao saa ya Kigoma. Wino wake ni kidogo tu.

Hasa sisi ambao wazazi wanatupatia karatasi zao tuwasomee. Wanatuamini kama macho yao wenyewe. Siku ile mama mkubwa hakunigombeza. Aliuliza tu: «Mwanangu, ulisoma mubaya, ao saa yao ndiyo mubaya?» Nilimjibu kwamba ni saa yao. Nilidanganya, na sijamwambia bado. Likizo hii nitakwenda kumwambia.

Mwanafunzi wa mwaka wa tano