Ramani ya kijiji isichorwe kwa programu ya wizi

Vitshumbi, kijiji cha wavuvi kwenye Ziwa Edward, kinahitaji maji safi na majengo imara. Kazi hizo huanzia kwenye michoro, na siku hizi michoro hutoka kwenye kompyuta. Je, ni kwa programu gani?

Wachoraji wengi hutumia AutoCAD iliyovunjwa kufuli, waliyopewa kwenye flashi. Sababu tunaielewa: leseni ya mwaka inapita dola 1,000. Lakini mara nyingi programu ya namna hiyo hudai kwanza uzime antivirusi, na hapo umemfungulia mwizi mlango. Mwaka 2012, kampuni ya ESET ilifichua kirusi kilichoiba maelfu ya michoro ya AutoCAD, hasa nchini Peru, na kuituma China. Fundi akipoteza faili za mradi wa maji, wanaoendelea kunywa maji ya ziwa ni wananchi.

Njia halali ipo, tena bila malipo. EPANET hupiga hesabu za mabomba ya maji tangu 1993. LibreCAD huchora ramani za majengo, FreeCAD huchora vitu vyenye umbo kamili, na QGIS hushughulikia ramani za ardhi. Wanafunzi na walimu wanaweza kuiomba Autodesk leseni ya bure ya masomo.

Intaneti ikiwa shida, flashi ileile ibebe programu hizi huru: kuzinakili na kumpa mwenzako kunaruhusiwa. Vyuo vya ufundi vya Goma vizifundishe, na wanaolipia miradi wamuulize fundi chombo chake kabla ya kutoa pesa.