Karani na Kura ya Mwaka 1965

Wenzetu wa Chama, tumeulizwa mara nyingi, hasa na vijana walioingia kazini majuzi, kama yampasa karani kuwa na neno lolote katika mambo ya uchaguzi, au heri anyamaze na kuangalia majalada yake. Ili kulijibu swali hilo twapenda kuutazama uchaguzi wa Bunge wa Septemba 1965, ambao ndio wa kwanza tangu Tanganyika na Zanzibar zilipoungana tarehe 26 Aprili 1964.

Kwanza yafaa kukumbuka tulikotoka. Chama cha watumishi Waafrika wa Serikali kilianzwa Tanga mwaka 1922, na Bwana Martin Kayamba alikuwa mbele katika kazi hiyo. Mwaka 1953 Serikali ya Mwingereza iliwakataza watumishi wake Waafrika kuwa katika chama cha siasa. Mwaka uliofuata TANU ikazaliwa, na makarani wengi wakaitazama dirishani. Mwaka 1964 Serikali ya nchi huru ikawafungulia mlango watumishi wale wale waingie TANU. Mara zote mbili karani hakuulizwa shauri lake, aliarifiwa tu.

Basi ukaja mwaka 1965. Katiba ya muda iliifanya TANU chama pekee Tanganyika, na Afro-Shirazi chama pekee Zanzibar. Karibu kila jimbo la bara lilipewa wagombea wawili, wote wa TANU. Mkutano wa wilaya uliwapigia kura waliojitokeza, kisha Halmashauri Kuu ikakata shauri la mwisho. Wawili hao walisafiri pamoja na kusimama jukwaa moja, nao walikatazwa kutaja rangi, kabila au dini, wala hakuna aliyeruhusiwa kusema kwamba Mwalimu Nyerere anamtaka yeye. Mmoja alipewa alama ya jembe, mwingine nyumba, ili asiyejua kusoma naye apate kuchagua.

Hapo twaomba tusimame kidogo, maana katika milima ya Usambara jembe si alama tupu. Baada ya Vita Kuu ya Pili watu wa Mlalo, na baadaye sehemu nyingine za Lushoto, walilazimishwa kulima matuta miteremkoni ili kuzuia mmomonyoko wa udongo. Asiyelima alishitakiwa na kutozwa faini, na wanawake ndio waliobeba sehemu kubwa ya kazi ile, mpaka mpango ukaachwa kabla ya uhuru. Mezani Dar es Salaam jembe ni kilimo. Mlalo jembe lilikuwa pia baraza la hukumu. Aliyezichagua alama hizo hakukusudia ubaya, lakini twaona kwamba karani yeyote wa Boma ya Lushoto angaliweza kumwambia habari hii, kama angaliulizwa.

Tena iliamriwa hotuba zote ziwe kwa Kiswahili. Sisi makarani Kiswahili twakipenda, nacho ndicho chakula chetu. Wala hatukatai kwamba amri hiyo ilizuia ukabila. Walakini bibi wa Mtae aliyekua na Kishambaa peke yake, mume akienda sokoni Mombo na yeye akibaki shambani, alihubiriwa kwa lugha ya wageni wake. Mkalimani mwaminifu asingalivunja umoja wa nchi.

Hata hivyo hatuwezi kuudharau uchaguzi ule. Majimbo yalikuwa 107, na katika baadhi ya hayo wenye nchi walimwondoa waliyemchoka. Bwana Paul Bomani, Waziri wa Fedha, mtu aliyevijenga vyama vya ushirika vya pamba kule Ziwani, alishindwa. Haikutokea mara nyingi katika Afrika ya siku zile mkulima kumwangusha waziri kwa karatasi. Kweli, muda si mrefu akarudi Bungeni na katika Baraza la Mawaziri kwa kuteuliwa, nasi hatuna budi kusema kwamba kura iliyotengenezwa upya ofisini ni nusu ya kura. Na upande wa Zanzibar hali ilikuwa nzito zaidi: watu walimpigia kura Rais, lakini Wabunge wao hawakuwachagua, viti vilijazwa na wajumbe wa Baraza la Mapinduzi na walioteuliwa. Katika Muungano ule mchanga, mkulima wa Bumbuli alikuwa na haki ambayo mvuvi wa Pemba hakuwa nayo.

Twarudi kwa karani. Vyama vingi viliruhusiwa tena mwaka 1992, na jambo la mtumishi wa Serikali kusimamia kura limekuwa gumu kuliko zamani. Mwezi Mei 2019 Mahakama Kuu iliamua kwamba wakurugenzi wa halmashauri wasisimamie uchaguzi; Oktoba mwaka ule ule Mahakama ya Rufani ikaitengua hukumu hiyo. Sisi twaamini kwamba hukumu ya kwanza iliona tatizo lenyewe. Karani ni raia, na akiwa mbele ya sanduku apige kura apendavyo. Lakini akikaa mezani na daftari la wapiga kura, jina la mtu asiyempenda huliandika kwa wino ule ule.

Kwa hiyo twapendekeza kwamba mwanachama yeyote aitwaye kwenye kazi ya uchaguzi aiweke kadi yake ya chama cha siasa mikononi mwa katibu wa tawi letu mpaka matokeo yabandikwe. Matawi ya Soni, Bumbuli na Mlalo yatuletee maoni yao kabla ya mkutano wa mwaka, nayo yawe kwa maandishi.