Hekalu la Puri: Mahakama Ilipotakiwa Kufafanua Neno "Ujenzi"

Mgogoro wa kisheria kuhusu kazi za uboreshaji kuzunguka Hekalu la Jagannath, mjini Puri katika jimbo la Odisha nchini India, ulitokana na swali linaloonekana jepesi: je, choo cha umma ni ujenzi?

Hekalu hilo la Kihindu la karne ya 12 linalindwa na Sheria ya Majengo na Maeneo ya Kale ya mwaka 1958. Marekebisho ya mwaka 2010 yanakataza ujenzi ndani ya mita 100 kutoka jengo linalolindwa, na mita 200 zinazofuata huhitaji kibali. Serikali ya Odisha ilikusudia kuboresha ukanda wa mita 75 kandokando ya ukuta wa nje wa hekalu, ili mahujaji wapate vyoo, mabanda ya kujikinga na jua na mahali pa kuhifadhi mizigo. Hivyo kazi hizo zote ziliangukia ndani ya eneo la katazo, na walalamikaji walidai kwamba uchimbaji ungehatarisha jengo lenyewe.

Utata uliongezwa na mamlaka zenyewe. Septemba 2021, Mamlaka ya Taifa ya Majengo ya Kihistoria ilitoa hati ya kutokuwa na pingamizi. Hata hivyo, Mei 2022, Idara ya Mambo ya Kale iliieleza Mahakama Kuu ya Odisha kwamba mradi haukuwa na kibali halali. Taasisi zote mbili ziko chini ya Wizara ya Utamaduni. Mwananchi anayesikia kauli mbili kutoka wizara moja hawezi kulaumiwa kwa kutafuta ya tatu mahakamani.

Shauri lilifika Mahakama ya Juu ya India, ambayo Juni 3, 2022 iliwapa ushindi watetezi wa mradi. Majaji walirejea tafsiri iliyomo katika sheria yenyewe: ukarabati wa jengo lililopo, mifereji ya maji machafu na vyoo vya umma havihesabiwi kuwa ujenzi. Walikumbusha pia kwamba mwaka 2019 Mahakama hiyo hiyo iliagiza mahujaji wa Puri wapatiwe huduma za msingi.

Kwa upande wa tafsiri, hoja hiyo ni nzito. Kinachoweza kujadiliwa ni hatua iliyofuata. Majaji waliziona kesi hizo kuwa zisizo na msingi na zenye kupoteza muda wa umma, wakaamuru kila mlalamikaji alipe rupia 100,000. Adhabu hiyo ni kali kwa watu ambao, wiki chache tu kabla, shaka yao ilikuwa imeungwa mkono kwa maandishi na idara ya Serikali.

Kazi ziliendelea, na ukanda huo ulizinduliwa rasmi Januari 17, 2024.