TOVUTI ZA WATOTO ZIWE SHULE, ZISIWE MTEGO

Mzazi ampelekaye mtoto shuleni hutaka kujua mwalimu ni nani. Lakini mzazi huyo huyo humpa mtoto simu jioni ajifunze hesabu, wala haulizi ni nani aliye upande wa pili. Twaona kwamba jambo hili lastahili kufikiriwa na kila mwananchi, maana tovuti za elimu zimekwisha kuwa sehemu ya masomo ya watoto wengi.

Mwaka 2022 shirika la Human Rights Watch lilitoa taarifa juu ya tovuti na programu za elimu zaidi ya 160, zilizopendekezwa na serikali za nchi 49 wakati shule zilipofungwa kwa sababu ya UVIKO-19. Karibu tisa katika kila kumi zilionekana kuzitumia habari za watoto kwa namna ya kuhatarisha haki zao. Nyingi zilizipitisha habari hizo kwa makampuni ya matangazo. Hizi hazikuwa tovuti za wahuni; zilikuwa zimepata kibali cha wakubwa.

Chanzo cha balaa hii ni fedha. Kuijenga tovuti na kuiendesha kuna gharama. Mwanafunzi asipolipa, na Serikali isipolipa, atalipa mwenye matangazo. Naye hulipa ili ajue mtoto yuko wapi, apenda nini, na hukaa hapo kwa muda gani. Hapo ndipo nia ya mjenzi inapopotoka. Badala ya kutaka mtoto alielewe somo kisha aende zake, hutaka asiondoke kabisa. Video moja ikiisha, nyingine yaanza yenyewe.

Wapo wasemao kwamba tovuti ikiwekewa masharti, watoto wataikimbia. Hatukubaliani nao. Ubongo Kids, katuni iliyoanza kuonyeshwa nchini Tanzania mwaka 2014, imewafundisha watoto hesabu kwa hadithi na nyimbo, nao wameipenda. Mtoto hufurahishwa na kitendawili alichokifumbua mwenyewe; hahitaji kupelelezwa ndipo acheke.

Basi tovuti njema yapasa iweje? Mtoto wa darasa la kwanza asomewe kwa sauti, na vitufe viwe vikubwa vya kutosha kidole chake. Akikosea, aelezwe sababu, asizomewe. Somo liwe na mwisho. Asiulizwe jina lake kamili wala mahali alipo, na mgeni asipate njia ya kuzungumza naye. Tena kurasa ziwe nyepesi, zisimalize kifurushi cha mzazi kabla ya somo kwisha.

Mambo haya si ndoto. Kanuni ya Uingereza, yenye vifungu 15, ilianza kutumika mwaka 2020, na makampuni yakapewa mwaka mmoja wa kujitengeneza. Yataka ulinzi uwepo tangu mwanzo, pasipo kumngoja mzazi autafute. Marekani nako, mwaka 2019, Google na YouTube zilikubali kulipa dola milioni 170 kwa shauri la kukusanya habari za watoto bila ya idhini ya wazazi.

Sisi nasi hatuko mikono mitupu. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika mwaka 2023, yazihesabu habari za watoto kuwa ni nyeti. Lakini sheria haijitekelezi yenyewe. Twasema kwamba pasiwe na tovuti itakayopendekezwa kwa wanafunzi kabla haijachunguzwa yachukua nini kwao na yampa nani. Twasema pia kwamba fedha ya umma itengwe kwa masomo ya Kiswahili yasiyotegemea matangazo, kama itengwavyo kwa vitabu na madawati. Walimu nao wawaeleze wazazi katika mikutano ya shule.

Samaki mkunje angali mbichi. Tusipowalea watoto wetu katika njia hii mpya ya elimu, watalelewa na wafanyabiashara wasiowajua.